Nirudishiwe Mabati Yangu, Nami Nirudishwe Tanganyika

Kaanaeli Sumari,
Mlimani Meru,
kwa njia ya Posta, Usa River.
9 Februari, 1959

Bwana Mhariri,
Gazeti la Wakulima wa Mlimani,
Arusha.

Bwana Mhariri,

YAH: KUFANYWA MKONGO KILA JUMAMOSI

Natumaini barua hii inakukuta mzima, wewe na wapiga chapa wako. Mimi afya ninayo, nilichokosa ni paa. Naomba nafasi katika gazeti lako, na kama nafasi ni finyu, toa lile tangazo kubwa la baiskeli, maana baiskeli watu wamekwisha kuziona.

Mimi ni mkulima wa kahawa na migomba, mzee wa Usharika kanisani, na baba wa binti mmoja, Hanna, ambaye ndiye sababu ya barua hii. Nyumba yangu ilikuwa ya kwanza kuezekwa kwa mabati upande wetu wa mlima. Sisemi haya kwa majivuno. Ni kweli tu, na mvua ilipoanza kunyesha kijiji kizima kiliisikia kwanza kwangu.

Mwaka juzi wakaja Wazungu wa sinema. Walikuwa wanatengeneza sinema ya mwindaji mmoja anayemtafuta ndugu yake aliyepotea Kongo, na kwa kuwa Kongo ni mbali, na Arusha kuna hoteli nzuri, wakaona Kongo iwe hapa. Nyumba yangu waliipenda, mabati hawakuyapenda. Walisema Mwafrika wa kweli hana mabati. Basi wakayashusha, wakaezeka nyasi zilizoletwa kwa lori kutoka Terrat, wakaniahidi kwamba sinema ikiisha kila kitu kitarudi mahali pake. Sinema iliisha, wakaenda zao, na mabati wakayaacha chini ya ulinzi wa kampuni moja ya matembezi hapo mjini, ambayo sitaitaja jina kwa sababu ya upole wangu.

Kampuni hiyo sasa inawatembeza wageni kila Jumamosi, kwa miguu, kuwaonyesha mahali ilipopigwa ile sinema. Wanaanzia mjini kwenye saa ya mnara, wanapita Kaloleni, wanapandishwa lori mpaka njia panda ya kwetu, kisha wanapanda mlima kwa miguu mpaka uani kwangu. Kiongozi wao ni kijana anayeitwa Elifuraha, ambaye zamani alikuwa mkalimani wa wale Wazungu wa sinema. Malalamiko yangu ni kama ifuatavyo:

1. Elifuraha anasema uongo. Kibaraza cha fundi cherehani pale Kaloleni anakiita kituo cha polisi cha Kongo, na fundi mwenyewe anaitwa mahabusu, wakati anashona tu suruali za watu. Ziwa la Momela analiita Mto Kongo, ingawa haliendi popote. Mimi ananiita Mganga Mkuu. Nimelipa kodi ya Tanganyika tangu nilipoota ndevu. Kama ninaishi Kongo, basi niambiwe rasmi, ili nijue nani wa kumwomba dawa ya kunyunyizia kahawa.

2. Nilipokwenda kudai mabati yangu, Bwana Meneja wa kampuni alinipa kiti, akanieleza kwa upole kwamba wageni wamekwisha kuahidiwa nyasi. Nikiwa mtu wa kushirikiana, alisema, mabati nitayapata msimu wa wageni ukiisha. Nimegundua kwamba msimu wa wageni hauishi. Wakati huohuo mabati yenyewe yameezekwa kwenye banda la magari ya kampuni. Kwa hiyo siku za mvua lori lao linalala pakavu, na mimi na mke wangu tunahamisha kitanda kutoka kona hii kwenda kona ile, tukikutana na mbuzi ambaye naye anahama.

3. Huko kushirikiana nako nikueleze. Ikifika Jumamosi navua koti, kofia na viatu, navaa ngozi ya mbega. Mke wangu Tabitha, ambaye ni kiongozi wa akina mama wa Usharika, anatwanga kinu kitupu, kwa kuwa Elifuraha anasema mahindi yanaharibu mlio. Haturuhusiwi kutamka neno la Kiswahili wala la Kimeru, maana wageni wameambiwa kwamba lugha yetu imebaki na watu wawili. Hanna tunamficha ndani, kwa sababu katika sinema Mganga hana watoto. Majirani nao wamegawiwa sukari, ili mgeni yeyote akiuliza jina langu waseme hawalijui. Sukari hiyo imefanya kazi vizuri mno. Kuna watu sasa hata Jumapili mlangoni pa kanisa wananiangalia kwanza, wanafikiri, ndipo wananisalimu.

4. Katika sinema, yule mwindaji anawasha kiberiti, na Mganga, yaani mimi, naanguka chini kwa hofu. Nilianguka mbele ya kamera nikadhani nimemaliza. Kumbe sasa kila mgeni anapanda mlima na kiberiti chake. Bwana Mhariri, mimi nina karabai, na kila jioni naiwasha kwa mkono wangu bila kuanguka. Lakini Jumamosi naanguka mpaka goti limevimba. Mama mmoja kutoka Nairobi aliniwashia njiti baada ya njiti mpaka kiberiti chake kikaisha, akamwazima mwenzake. Kule zahanati nilipoulizwa goti limepatwa na nini, nilisema nimepigwa teke na ng'ombe. Ng'ombe wangu ni mpole, na nilisikitika kumsingizia.

5. Hayo yote ningeyameza. Hili la tano ndilo lililonikaa kooni.

Hanna amepata mchumba, kijana Anande wa Machame, dresa wa hospitali, mtu mwenye adabu na mikono safi. Mshenga ni Mwalimu Philemoni. Baba yake Anande, Bwana Elisaria, ambaye ni mfanyabiashara, alitaka kwanza aione nyumba anayotoka binti, nami sikumlaumu, hata mimi ningetaka. Philemoni akamwelekeza kwamba aulize nyumba ya bati juu ya kanisa. Alisema hivyo kwa sababu mimi nilimhakikishia kwamba hadi Pasaka, siku tuliyopatana aje, mabati yatakuwa yamerudi.

Bwana Elisaria hakungoja Pasaka. Alitaka atukute jinsi tulivyo. Akaja na mke wake Jumamosi moja ya mwezi uliopita, na waliposhuka basi mjini, mtu wa kwanza waliyemwuliza njia alikuwa Elifuraha. Naye, badala ya kuwaonyesha njia, akawaambia kwamba anaelekea hukohuko, walipe tu wajiunge na msafara.

Mimi sikuwajua, wala wao hawakunijua. Niliona bwana mmoja wa Kichaga aliyevaa suti, na mama mwenye mwavuli, katikati ya Wazungu, nikafikiri kampuni sasa imeanza kuwatembeza na Waafrika, nikaona hayo ni maendeleo. Bwana Elisaria alisimama mbele yangu. Akaitazama ngozi ya mbega, akamtazama Tabitha na kinu chake kisicho na kitu, akamwambia mkewe kwa Kiswahili safi, mimi nikisikia, kwamba inasikitisha sana, kanisa liko hapo chini na watu hawa bado hawajafikiwa. Kisha akanihurumia akaanza kunifundisha kahawa. Alinionyesha kwa ishara za mikono jinsi ya kupogolea. Mimi, Bwana Mhariri, ambaye mlima huu wananiita niwapogolee kahawa zao! Na alikuwa anakosea. Tawi alilolishika silo la kukata.

Mke wake akampa Tabitha kipande cha sabuni, akamwonyesha kwa vidole kwamba hakiliwi. Tabitha alikipokea kwa mikono miwili, akanitupia jicho ambalo mpaka leo sijajua nilipeleke wapi. Halafu Bwana Elisaria akatoa kiberiti mfukoni akawasha. Nami nikaanguka. Nilianguka miguuni pa mkwe wangu mtarajiwa, nikabaki pale kifudifudi mpaka msafara ulipoondoka, kama yalivyo mapatano.

Baada ya hapo walizunguka kilima kizima wakiitafuta nyumba ya bati ya Bwana Sumari. Waliwauliza majirani, na majirani, ambao sukari yao ilikuwa bado ipo kabatini, wakajibu kwamba Sumari hawamjui. Jumanne Philemoni akatuletea majibu: Bwana Elisaria hatamwoza mwanawe kwa nyumba isiyokuwepo, na watu pekee aliowaona huko juu ni Wakongo wawili fukara. Nimemkataza Philemoni asiseme kwamba mmoja wa hao Wakongo ni mimi. Afadhali nisiwepo kabisa kuliko kuwepo namna ile.

Tangu siku hiyo Hanna hajalia. Angelia ningejua la kufanya. Anafagia, anapika, asubuhi ananiambia shikamoo baba kama mtu anayemsalimu karani dirishani. Mimi nimemlea mtoto huyu kwa kahawa na kwa sala, na nina uchungu, nakwambia wazi, kwamba amekosa mume kwa ajili ya paa langu na mdomo wangu niliofunga.

6. Kwa hiyo nadai. Mabati yangu yarudishwe kabla ya Ijumaa, na Bwana Meneja ayapandishe mlima mwenyewe, kichwani. Elifuraha aende Machame kwa miguu, kwa kuwa kutembea ndiyo kazi yake, akaeleze mimi ni nani. Kongo irudishwe kwa wenyewe.

Na kama kampuni inaona madai haya ni makubwa, basi tutendeane sawasawa. Wachaguliwe wakulima wa mlimani, nikiwa mmoja wao, tupelekwe Uingereza mpaka kijijini kwa mama yake mzazi Bwana Meneja. Tukifika tukute paa la nyumba yake limeshushwa. Mama avue viatu, asimame uani akikoroga sufuria tupu, asitamke neno la Kiingereza. Kiongozi atueleze kwamba hapo ni Urusi. Sisi tutamhurumia sana. Tutampa ndizi, tutamwonyesha kwa vidole jinsi ya kuimenya, tutanong'ona kwamba watu hawa bado hawajafikiwa. Kisha mmoja wetu atafungua mwavuli ghafla, na mama ataanguka. Akianguka vizuri, Jumamosi inayofuata tutarudi na jamaa wengine.

Naomba uyachape haya yote bila kupunguza, hasa habari za tawi la kahawa.

Wasalimu wapiga chapa, wasomaji wote wa bondeni na mlimani, na yule fundi wa Kaloleni, umwambie avumilie kifungo chake. Msalimu Mchungaji wetu, ambaye kampuni imemwomba asigonge kengele siku za Jumamosi, naye akaigonga mara mbili zaidi. Msalimu hata Bwana Meneja, na lori lake.

Ni mimi, mwenye unyevu mwingi na heshima zote,

Kaanaeli Sumari,
Mtanganyika.

Nyongeza. Kabla sijafunga bahasha, lori limesimama njiani na Bwana Elisaria ameshuka. Nilikimbia kuvaa koti, nikasahau viatu. Kumbe juzi aliitazama ile sinema huko Moshi. Nilipotokea mimi kwenye pazia, alisimama katikati ya watu akapaza sauti kwamba yule bwana anamfahamu, amemfundisha kahawa kwa mkono wake mwenyewe. Wakamwomba aketi, hakuketi. Kwao sasa hapiti njiani bila kusimamishwa asimulie. Philemoni alipoona hivyo akashindwa kuzuia ulimi, akamwambia kwamba yule Mganga ndiye baba yake Hanna, na Bwana Elisaria akamkumbatia mpaka miwani ya Mwalimu ikaanguka.

Posa imeletwa leo hii na tumeikubali. Sharti ni moja tu. Sherehe ya uchumba ifanyike katika nyumba hiihii, chini ya nyasi hizihizi, mimi nikiwa ndani ya ngozi ya mbega na Tabitha kwenye kinu, na Elifuraha awatembeze jamaa zao wote kuanzia kwenye saa ya mnara. Wanakuja na viberiti vyao.

Kwa hiyo nakuomba usiichape barua hii. Mabati na yabaki yalipo, na mtu yeyote asiguse unyasi wangu hata mmoja mpaka harusi ipite. Bahasha naituma kwa sababu stempu nimekwisha kuibandika, na Malkia aliyemo habanduki bila kuchanika uso.

Nimemwita Hanna pembeni, nikamwuliza kama hataona aibu baba yake akianguka mbele ya ukoo mzima wa mumewe. Alicheka mpaka akashika mlango, machozi yakamtoka, akaniita baba kwa sauti yake ya siku zote. Bwana Mhariri, wawashe wanavyotaka. Nitaanguka.