Watu Wanane Kila Jumapili

Jumatatu, 4 Machi
Watu wa filamu wameingia mtaani. Wanataka kuonyesha tunavyokula majumbani, kila mtu awe yeye mwenyewe, hakuna kuigiza. Kinyozi, jirani yangu wa ukuta mmoja, akawahi kusema kwake wanakula watu sita. Sita tu! Nikasema kwangu wanane, kila Jumapili, na mpishi ni mimi. Mwongozaji, mama mpole mwenye daftari, akaandika. Nina sahani mbili. Moja ina ufa.

Jumanne, 5 Machi
Nimempigia dada yangu aje Jumapili na wanawe na wajukuu. Akauliza nani amekufa. Nikamweleza. Akasema tangu tumzike mke wangu namtafuta nikiwa na shida tu, na kamera haileti undugu. Akakata simu. Wapo watu hawawezi kufurahia bahati ya ndugu yao.

Alhamisi, 7 Machi
Nimealika fundi viatu, mama wa duka na wapangaji wa juu. Wote wamejibu Mungu akipenda. Dalili njema. Nimeazima sahani sita. Kwa nani? Kwa kinyozi. Imeniuma.

Jumapili, 10 Machi
Wali, maharage, mchicha. Saa saba, kamera tayari, mtu hakuna. Saa nane kasorobo, hakuna. Nikasema wako njiani. Ng'ambo ya ukuta familia ya kinyozi inacheka, na kicheko kimoja ni cha fundi viatu. Kikulacho ki nguoni mwako! Nikiwa dirishani nachungulia, maharage yakaungua.

Mwongozaji akafunga daftari, akasema taratibu, “Mzee, kaa ule kama unavyokula siku zote.”

Nikala. Akaniuliza kama chumvi imekolea. Sikumbuki mara ya mwisho kuulizwa hivyo. Nikasema imekolea sawasawa. Nilikuwa nimesahau kuitia.

Ijumaa, 12 Aprili
Filamu imeonyeshwa ukumbini. Kinyozi na watu wake: nusu dakika, tena yeye kisogo tu. Mimi: dakika nne nzima! Natafuna peke yangu mbele ya sahani saba tupu. Mama wa duka akajifuta macho. Mwongozaji akanishika mkono, akasema Jumapili atapita na kamera kuona naendeleaje.

Jumamosi, 13 Aprili
Dada amepiga alfajiri, sauti imemkauka. Ameiona filamu kwenye simu ya mwanawe. Akasema, “Kesho nakuja na watoto wote, mdogo wangu. Hutakula tena peke yako.”

Kisha fundi viatu akabisha hodi, naye atakuja. Hata kinyozi, na mkewe ataleta chakula. Nikakaa kitandani kitambo, simu mkononi.

Halafu nikapiga hesabu. Kamera inakuja kesho. Ikinikuta na nyumba imejaa watu, nani atahangaika kunitazama mimi?

Nimewaambia wote wasije.