Usanisinuru kwa Sauti Nne

Leo nimeumbuka, tena kwa sauti nne. Kaeni niwasimulie mwenyewe kabla hamjaisikia kwa mwalimu wa hesabu, ambaye hawezi kukaa na neno tumboni na alikuwa amesimama dirishani muda wote.

Mnajua ninafundisha biolojia hapa Koboko, lakini moyo wangu uko Arua. Binti yangu analelewa na mama yangu pale Ediofe, na siku hizi nikienda kumwona ananiita shangazi. (Anasema ni utani. Mimi utani huo siupendi.) Sasa kuna shule huko huko Ediofe inatafuta mwalimu wa biolojia, na wameniambia kilichobaki ni ripoti nzuri ya mkaguzi tu. Mkaguzi alikuwa anakuja leo. Kwa hiyo leo ilikuwa siku yangu ya kurudi kwa mtoto wangu.

Na nilijiandaa. Mnaikumbuka ile semina ya walimu wa kwaya niliyohudhuria? Nilirudi na maneno mengi kuliko nyimbo. Polifonia. Baroko. Fuga. Niliyatumia kanisani, nikayatumia ofisini, nikayatumia hata sokoni. (Muuza nyanya alinisikiliza kwa adabu, kisha akamhudumia aliyekuwa nyuma yangu.)

Mada ya muhula huu ni usanisinuru, yaani jinsi jani linavyochukua mwanga wa jua, maji na hewa ukaa, likatengeneza sukari yake, halafu likatoa oksijeni tunayovuta sisi. Watoto walikuwa wanasinzia. Darasani nina Wakakwa, Walugbara, watoto wa Sudan Kusini na wa Kongo. Kitabu ni cha Kiingereza, lakini Kiswahili ndicho kinachotukutanisha, kwa hiyo nikaamua kuwatungia wimbo wa Kiswahili. Mtu mwenye akili timamu angetunga wimbo wa kawaida. Mimi nikatunga fuga.

Kwanza niliwapa historia yote. Kwamba zamani huko Ulaya watawa waliimba sauti moja, wote pamoja. Kwamba baadaye sauti zikaachana, kila moja ikashika njia yake, hadi tukafika enzi ya Baroko na fuga zake: sauti moja inatoa wazo, nyingine zinalijibu, na fundi kweli kweli anaweza kuligeuza lile jibu juu chini. Ya kwanza ikipanda, ya kujibu inashuka.

"Anayeimba sawa na jirani yake," niliwaambia, "huyo amebaki Zama za Kati."

Walicheka. Nami nikajiona fundi. Soprano wangu wakaimba, sauti ikipanda: hewa ukaa yaingia, oksijeni yatoka. Alto wakashika maji, tenor wakashika klorofili. Besi nikawapa jibu la kushuka. Nikageuza sauti, ikanoga, na kwa kuwa ilinoga nikageuza na maneno: oksijeni yaingia, hewa ukaa yatoka. Nilijua ni kinyume. Nikajiambia, aa, besi ni mngurumo tu, hakuna anayesikiliza maneno ya besi. (Kumbe wapo wanaoyasikiliza. Besi wenyewe.)

Asubuhi mkaguzi akafika. Mzee wa suti ya kijivu, mtu wa upole, na kwa bahati yangu mbaya alisomea biolojia. Mkuu wa shule alimletea kiti cha mbele. Akakikataa, akaenda kukaa nyuma kabisa kama kawaida ya wakaguzi. Na nyuma kabisa ndiko wanakokaa besi.

Nilifundisha vizuri, sijisifu. Nilichora jani ubaoni, nikachora jua, nikachora mishale. Mkaguzi akamwinua Kiden, msichana wa mstari wa mbele.

"Mchana, mmea unaingiza hewa gani?"

"Hewa ukaa, mzee."

"Na unatoa?"

"Oksijeni."

Akaandika kitu huku akitikisa kichwa kwa kuridhika. Jamani, pale pale nilianza kufungasha. Godoro nilishalikunja, sufuria nilishaziingiza kwenye gunia, binti yangu ananiita mama mbele ya majirani. Kisha mkaguzi akamgeukia kijana aliyekuwa ubavuni kwake, Duku, besi wangu wa kutegemewa.

"Na wewe kijana, unakubali?"

"Hapana, mzee," alisema Duku. "Mti iko naingiza oksijeni. Hewa ukaa iko natoka."

Mkaguzi alimuuliza jirani yake. Oksijeni yaingia. Akamuuliza wa pembeni. Oksijeni yaingia. Mstari mzima wa nyuma ulikuwa na uhakika ambao sijawahi kuuona katika somo lolote. Mzee akavua miwani.

"Mbona mbele wanasema hivi na nyuma mnasema vile?"

Duku alimwonea huruma. "Mzee, hiyo inategemea. Wale iko soprano. Sisi iko besi."

"Sijaelewa."

Hapo ndipo nilipoinua mkono kumzuia Duku asieleze zaidi. Nia yangu ilikuwa hiyo tu. Lakini darasa hili nimelifunza mimi mwenyewe kwamba mkono wa mwalimu ukipanda, watu wanasimama. Wakasimama wote. Mkono wangu ukabaki juu kwa mshtuko. Wakavuta pumzi.

Niwaambie ukweli: hawajawahi kuimba vizuri vile. Soprano walipanda juu ya mabati. Alto na tenor walipishana bila kugongana. Halafu besi wakaingia, taratibu, wazito, kila neno limetamkwa hadi herufi ya mwisho: oksijeni yaingiaaa, hewa ukaa yatokaaa. Madirishani walijaa watu. Mkuu wa shule, ambaye alisomea historia, alipiga makofi kwa furaha. Mimi nilikuwa natafuta mahali pa kuweka uso wangu.

"Ni wimbo mzuri," alisema mkaguzi.

"Asante, mzee."

"Nusu yake ni uongo."

Ningenyamaza, ningepona. Lakini nilimfikiria mtoto, nikaona nijitetee. "Mzee, besi wanaimba habari za usiku," nikasema. "Usiku hakuna mwanga, mmea unapumua tu kama sisi. Unaingiza oksijeni, unatoa hewa ukaa." (Hilo ni kweli, kasomeni.) Nilijishangaa jinsi uongo wangu ulivyokuwa na sayansi ndani yake. Hata mkaguzi alionekana kulegea.

"Usiku," alisema.

"Usiku, mzee."

Akamgeukia Duku. "Kijana, hiyo sauti yenu inaanza na maneno gani?"

"Jua limewaka," alijibu Duku kwa fahari.

Mwalimu wa hesabu pale dirishani alikuwa ameuma kola ya shati lake.

Baadaye mkaguzi aliniita pembeni, chini ya ukingo wa paa la ofisi. Hakunigombeza, na hilo ndilo lililoniuma. "Madam, wewe unafundisha vizuri mno," alisema. "Shida iko hapo. Vijana wale hawatasahau mpaka wazeeke. Ripoti nitaishika kwanza. Muhula ujao narudi, na nitakaa nyuma pale pale. Besi wakijibu sawa na soprano, nasaini, unakwenda Ediofe."

Basi baada ya chakula cha mchana nikarudi darasani. Nikafuta ubao, nikaandika maneno mapya ya besi: hewa ukaa yaingia, oksijeni yatoka. Nikaeleza kwamba kosa lilikuwa langu. Nikainua mkono. Waliimba maneno mapya mpaka katikati, kisha sauti ikaanza kushuka, na ilipofika chini maneno ya zamani yalikuwa yanawasubiri huko. Nikarudia. Yakarudi. Mara ya tatu Duku akanyoosha kidole.

"Madam, kama sisi naimba maneno moja na soprano, hiyo si fuga tena. Wewe nasema hiyo iko Zama za Kati."

Darasa zima likampigia makofi, soprano wakiwemo. Alikuwa amenielewa vizuri kuliko nilivyojielewa.

Jioni nikapiga simu nyumbani. Binti yangu alishika simu kwanza, akauliza, "Shangazi, umepata?" Nikamwambia ampe bibi. Mama hakuzunguka.

"Mwanangu, unarudi lini?"

"Besi wakikubali kubadilisha maneno yao, mama."

Nikamsimulia yote. Hakucheka hata kidogo, nikajua nimepata wa kunihurumia. Kisha nikamsikia anamwita baba kwa sauti kuelekea uani, "Baba Letaru! Zima hiyo redio uje kula, chakula kinapoa!" Akasubiri. Redio haikuzimwa. Akarudi kwenye simu.

"Unamsikia baba yako? Ni besi wa kanisa tangu kabla hujazaliwa," akasema. "Wewe mwanangu tafuta kiwanja ujenge huko huko Koboko."