Njama za Kumrudisha Wakili Nyumbani

Jumatatu, 2 Machi

Daftari, nisamehe. Dada Benadeta alikutuma kutoka Mwanza wiki ile ile aliyozaliwa Koku, akasema niandike kila siku, kichwa kitapumua. Koku sasa ana meno manne. Ukurasa wako wa kwanza una doa la uji, wa pili ameula mwenyewe. Naanzia wa tatu.

Kilichonianzisha ni hasira.

Mume wangu Elpidius ni wakili. Si wa mjini mwenye kiyoyozi. Wakili wa mpakani, Murongo kule Kyerwa, chumba kimoja nyuma ya duka la Mudathir. Anatetea kahawa zilizokamatwa, ng'ombe waliovuka mto bila ruhusa, na bwana harusi mmoja wa ng'ambo aliyekuja bila karatasi. Nusu ya wateja wanamlipa ndizi. Jumatatu anaondoka, Ijumaa anarudi, Jumamosi analala kama gogo. Aliniahidi kwamba masika yakianza anafungua ofisi hapa karibu, Kayanga, kila jioni yuko nyumbani. Nimeshashona na mapazia!

Leo kaniambia anagombea udiwani. Kiti cha kata yetu kiko wazi, wazee wamemwomba. Nikamuuliza, na Kayanga? Akasema tutaona. Tutaona! Mwanasheria mzima.

Nimeamua. Elpidius atashindwa. Kwa mkono wangu, na kwa upendo.

Jumatano, 4 Machi

Chama kinataka picha kubwa ya kila mgombea, ibandikwe ukumbini kabla wajumbe hawajapiga kura tarehe 14. Elpidius kapiga simu kutoka Murongo, kasema nichague mimi, eti nina jicho.

Ninalo.

Nimechagua ile aliyolala mkekani mdomo wazi, nepi begani, Koku amekaa kifuani anamvuta pua. Hakuna mtu wa kumpa kata mwanamume mwenye nepi begani. Benadeta anafanya kazi kwenye duka la uchapaji, nikamtumia kwa simu. Akauliza mara tatu kama nina homa.

Jumamosi, 7 Machi

Picha zimekuja jana na basi. Kwenye ya Gaspari, mpinzani wetu mkubwa, ana suti na kalamu mbili mfukoni. Ya kwetu ikabandikwa pembeni yake. Nikaenda na Koku mgongoni kusikiliza vicheko.

Walicheka, ndiyo. Halafu akina mama wa Bugene wakajaa pale. Mmoja kasema, jamani, mwanamume anayelea! Mwingine akamwambia mumewe aje aone wenzake. Mume akaangalia chini. Katibu wa tawi, mzee Desderius, kanipa mkono akasema mama Koku, hiyo ni akili kubwa.

Loo.

Nakala moja nilibandika ukutani sebuleni, nayo imeniletea mengine. Koku anaiita baba. Asubuhi lazima abebwe aibusu. Elpidius aliporudi jana jioni, vumbi mpaka kwenye nyusi, akanyoosha mikono. Koku akamwangalia, akaangua kilio, akatambaa kwenda kwa baba wa ukutani.

Elpidius akacheka. Halafu akaenda kuosha miguu, akakaa huko muda mrefu sana kwa miguu miwili tu.

Lazima ashindwe.

Jumanne, 10 Machi

Wajumbe wanapita nyumba za wagombea kuona familia. Elpidius yuko Murongo, kwa hiyo niliwapokea mimi. Wanne, Desderius mbele.

Huku kwetu mgeni akikaa, kabla hajaulizwa habari za safari, analetewa kikapu kidogo cha kahawa ya kutafuna. Hata adui analetewa. Mimi sikuleta. Sikuleta maji. Nilikuwa na mkungu mzima unaiva nyuma ya mlango na harufu yake imejaa nyumba, sikutoa hata ndizi moja. Niliwapa shikamoo, basi, nikaendelea kukunja nguo za mtoto.

Wakaangaliana. Mzee mmoja akakohoa kile kikohozi cha kuomba kahawa. Nikamwambia pole na mafua.

Mama mkwe alikuwa jikoni anasikia yote. Walipoondoka akaja ameshika kikapu kitupu, akaniuliza waitu, mwanangu, nimekukosea nini unizike kwa aibu. Nikamwambia Mama, nisamehe, kuna sababu. Hajala chakula changu mpaka sasa. Amekula cha jirani Mwajabu, na Mwajabu kanieleza alivyokula.

Naona aibu kweli. Lakini wamekasirika! Nimewaona.

Alhamisi, 12 Machi

Siamini.

Gaspari aliwachinjia mbuzi. Akamwaga pombe ya rubisi mpaka wajumbe wawili wakalala bandani kwake. Jana watu wa kuzuia rushwa wamefika, na chama kimekata jina lake.

Kisha wajumbe wakaulizwa, na kwa wakili mlipewa nini? Desderius kasimama, nasikia, mkono kifuani: hata punje ya kahawa! Mwanamke yule ana msimamo! Mke wa kiongozi anatakiwa hivyo!

Mama mkwe kaja na sahani yake, akala, akaniomba radhi. Alisema hakujua kwamba nina akili hiyo. Nilikula naye nikiwa nataka kulia.

Amebaki mgombea mmoja tu zaidi, mwalimu mstaafu wa Ihembe asiyesikia vizuri. Sasa tumaini langu ni yeye.

Jumamosi, 14 Machi

Mwalimu kajieleza vizuri kuliko nilivyotegemea. Nikafurahi. Ikaja zamu ya Elpidius. Desderius akauliza kama kuna ndugu wa kumsemea. Nikasimama mimi, Koku kwenye kiuno.

Nilisema ukweli, nikijua utammaliza. Nikasema wajumbe, mtu huyu nyumbani hayupo. Mnamtaka wa nini? Siku nilipojifungua hospitali ya Nyakahanga alikuwa mpakani na ng'ombe wa watu. Alikuja siku ya tatu, na kopo la samli. Mtoto wake anamjua kwa picha. Mkimpa kata, itamjua kwa picha vilevile.

Nikasema moyoni, tayari.

Akainuka bibi mmoja nyuma, Mukashema, mgongo umepinda, akiniita mwanangu. Akasema ng'ombe yule ni wangu. Alivuka mto, akashikwa na watu wa ng'ambo, wakasema amezaliwa kwao. Sina karatasi, ng'ombe ana karatasi gani? Huyu mumeo akabeba ndama wangu kwenye bodaboda mpaka darajani. Akakaa naye juani siku mbili, anawaomba wamlete yule mama yake. Walipomleta, ndama akalia. Ng'ombe akaitika, akakata kamba, akaja. Maofisa wa pande zote wakacheka mpaka wakagonga mihuri. Nikamwuliza mwanangu, nikulipe nini? Akasema mke wangu amejifungua, mimi sipo, kama una samli.

Ile samli. Niliila mwezi mzima huku namnunia.

Nilikaa chini. Kura zilipohesabiwa wakatangaza Elpidius. Mtu wa kwanza kupiga vigelegele nilikuwa mimi. Mdomo wenyewe ulifunguka, sikuutuma.

Jumapili, 15 Machi

Baada ya kanisa nikamwambia yote: picha, kahawa, hotuba. Akacheka mpaka Koku akaanza kucheka naye. Kisha akaniuliza kwa nini nadhani aligombea. Kasema kodi ya ofisi ya Kayanga ilimshinda, akaogopa kuniahidi tena. Lakini diwani anakaa kwenye kata yake. Uchaguzi wenyewe ukipita, anafunga chumba cha Murongo.

Aligombea ili arudi nyumbani! Na mimi nilikuwa napigana naye.

Ningeuliza tu.

Koku kakaa mapajani kwake jioni nzima. Amemlinganisha na ukuta mara nyingi. Mwishowe kamshika pua, akasema baba.

Jumatano, 15 Aprili

Diwani. Ameshaapa. Kila jioni yuko nyumbani, yeye na watu kumi na tano, na viatu vyao mlangoni. Lakini yupo.

Leo Desderius kaja na wazee wawili. Nimesikia kupitia dirishani: ubunge. Dodoma! Elpidius kasema tutaona.

Sitauliza. Muda hautoshi, na siasa sasa naijua. Gaspari alikatwa kwa sababu ya kukirimu, basi mimi nitawakirimu mpaka jina la Elpidius likatwe lenyewe. Mama mkwe, nilipomweleza, kaniuliza, na wakimkata udiwani pia, si atarudi Murongo? Nikamwambia Mama, hayo niachie mimi.

Kesho nampigia Benadeta. Anitumie na basi la Ijumaa:

sufuria kubwa ya shughuli, yenye mfuniko;
vikombe vya bati, dazeni mbili;
sukari, mfuko mzima;
dagaa wa Mwanza waliokaushwa vizuri, si wa mchanga kama wa mwaka jana;
nguo za Koku, za mwaka mmoja na nusu, ziwe pana kidogo;
na picha nyingine ya baba yake, ile ile ya nepi. Hii ya ukutani Koku ameilamba mdomo wote, na huwezi kujua, Dodoma ni mbali.