Mlango Wangu Peke Yake Hauna Alama

Jumamosi, tarehe 2 Agosti 2025

Mwalimu Purity wa ngumbaru, darasa letu la watu wazima, ametuambia tuandike kila siku ili mkono uzoee. Wenzangu wameandika kwamba wamelima. Mimi nina maisha, nitaandika maisha. Mwalimu asema pia sentensi zangu ni fupi mno. Mtu mwenye mambo mengi hana nafasi ya sentensi ndefu.

Leo nimekwenda Ukunda kutengeneza redio. Fundi akaniambia nirudi baada ya alasiri. Nikaingia kwa Kalama pale Kona ya Musa, kwenye banda lake la video, nipumzishe miguu. Nikaona filamu. Wallahi sijapata kuona kitu kama kile.

Kuna mtu mwenye koti refu. Amtafuta mwanamke aliyepotea. Kila aendapo aona alama: ndani ya kiberiti, chini ya soli ya kiatu, juu ya mkate. Mara mtu mwenye kichwa cha mbuzi apiga kinanda ndani ya bwawa la kuogelea. Mara maiti aketi, aomba chai. Hata yule DJ anayetafsiri filamu kwa Kiswahili alipotea. Mwishowe akaacha kueleza, akawa anawasalimu jamaa zake wa Likoni. Vijana wakapiga miluzi, wakatoka. Kalama mwenyewe akasema haelewi kitu, filamu hiyo aliipata pamoja na nyingine. Tukabaki mimi na kuku mmoja aliyeingia kutafuta njugu. Nikaelewa yote.

Nililoelewa: hakuna alama ya bure. Kila alama ina mwenyewe, na mwenyewe ana njama.

Nimenunua koti la mtumba. Refu. Mke wangu Mwanarusi ameniuliza kama Msambweni kutaanguka theluji. Sikumjibu. Mpelelezi hajibu.

Redio nimeisahau kwa fundi.

Jumapili, tarehe 3 Agosti

Njama!

Asubuhi nikitoka msikitini nimeona alama kwenye mlango wa jirani yangu Fondo, mgema. Duara lenye mkia, kwa chaki nyeupe. Nikamuuliza ni nini. Akasema ni watoto. Fondo ni mtu mwema lakini akili yake iko juu ya mnazi.

Nikaenda kwa Asiya muuza mahamri. Alama. Nyumba inayofuata, alama. Safu nzima ya juu, duara na mkia, duara na mkia. Nikarudi mbio kwangu. Hakuna! Nikatazama nyuma ya mlango. Nikatazama dirishani. Hakuna. Mlango wangu peke yake katika safu yetu.

Na katika ile filamu, asiyekuwa na alama ndiye aliyetupwa bwawani.

Nani ananichukia? Hapa Msambweni napendwa na kila mtu. Amebaki mmoja tu. Sufyan.

Niandike, ijulikane. Mimi na Sufyan tumecheza bao tangu sote wawili tuna meno. Siku ya Idd alihamisha kete nilipokuwa napiga chafya. Yeye asema nilipiga chafya makusudi ili nipangue mashimo. Tangu siku hiyo hatusemezani. Simkumbuki hata kidogo. Nacheza bao peke yangu barazani, mkono wa kulia na mkono wa kushoto. Leo wa kulia umeshinda. Naona unaiba.

Jumatatu, tarehe 4 Agosti

Nimempeleleza Sufyan. Nimevaa koti, nikasimama nyuma ya ua wake wa makuti kama mti. Kila anayepita akanisalimu. Shikamoo mzee, una homa? Marahaba, sina. Shikamoo babu, umepata baridi? Kazi ya siri ni ngumu mahali penye adabu.

Niliyoyaona ni haya. Sufuria kubwa za kuenea mtu mzima. Mbuzi wameshushwa kutoka Kinango. Wanawake wameketi uani wananong'ona, wakiniona wananyamaza.

Najua, mjukuu wake Hadiya anaolewa Jumapili. Hicho ndicho kisingizio chao. Mimi sijaalikwa. Wala sitaki. Lakini sufuria zile zote ni za pilau tu?

Nimepeleka habari kwa Randu, mzee wetu wa mtaa. Amecheka mpaka akashika ukuta. Akaniambia niende nikanywe maji ya dafu.

Nyumbani Mwanarusi ameketi dirishani na dera lake jipya mapajani, anatazama njia. Nikamwambia njiani hakuna mtu. Akasema anaona, na ndilo linalomuuma.

Jumanne, tarehe 5 Agosti

Siku ya ushindi.

Nimechukua chaki kwa Mwalimu Purity. Sikuiba, nimeazima akiwa amegeuka. Nikachora duara na mkia kwenye mlango wangu. Nzuri kuliko zao. Mkia nimeukunja kidogo. Sasa maadui watadhani mimi ni mmoja wao. Yule wa filamu hakufikiria hili, na ndiyo maana alipigwa sana.

Kisha nikajificha bandani mwa kuku nione atakayekuja.

Akaja Bi Esha! Bi Esha, jirani ya Sufyan, mama wa watu, na mwavuli wake na kikapu chake. Akafika mlangoni kwangu. Akainua mkono abishe. Akaiona alama. Akashusha mkono. Akauma kidole, akasema peke yake maneno ambayo sikuyasikia kwa sababu ya jogoo. Akatikisa kichwa, akaenda zake.

Kumbe ndiye mjumbe wao! Uso ule wa huruma wote, kumbe! Nimemshinda kwa kipande cha chaki.

Koti lanuka kuku.

Jumatano, tarehe 6 Agosti

Mwanarusi amerudi kutoka bombani amevimba uso. Safu yetu nzima imealikwa arusini. Fondo amealikwa. Asiya amealikwa. Hata wale wapangaji waliohamia juzi. Asema alijua kwamba mimi na Sufyan tumekosana, lakini hakujua kwamba na yeye pia amehesabiwa humo, yeye aliyemwogesha Hadiya akiwa mtoto mchanga. Nikamwambia siku moja atanishukuru. Amenipa muhogo mkavu bila kitoweo.

Watu wakubwa hawaeleweki nyumbani kwao.

Nimewafikiria rafiki zangu wa safu ya chini, ambao bado hawana alama. Siwezi kujiokoa peke yangu. Nimemchorea Randu alama mlangoni, ingawa alinicheka, kwa kuwa moyo wangu ni mpana. Kisha nikamchorea Muhsina, mpishi wa pilau. Muhsina huniwekea ukoko kila arusi. Mtu kama huyo hatupwi bwawani nikitazama.

Ijumaa, tarehe 8 Agosti

Msikitini Sufyan alikuwa safu ya mbele yangu. Baada ya sala akageuka, akanitazama muda mrefu. Kisha akatazama ndala zake, akatoka.

Katika filamu muuaji pia hutazama viatu.

Amekonda. Nilitaka kumuuliza kama anakula. Nikakumbuka kwamba ni adui.

Jioni nimepata habari tamu. Muhsina amehama! Asema amepika arusi za watoto wote wa Sufyan, na leo hata mtu wa kumbishia hodi hakutumwa. Kama wamepata mpishi mwingine, wamle. Amefunga miko yake kwa kamba, amekwenda kwa bintiye Lungalunga. Njama yaanza kuvunjika na sijainua hata mkono.

Lakini arusi ni keshokutwa, na nani atapika pilau? Si shauri langu. Sijaalikwa.

Mkono wa kushoto umeshinda leo. Sikufurahi.

Jumamosi, tarehe 9 Agosti

Nitaandika ukweli, kwa sababu Mwalimu Purity hasomi, anahesabu kurasa tu.

Asubuhi nilikuwa naitia wino mpya alama yangu, yaani chaki, maana mbuzi wa Fondo alikuwa ameilamba. Nimevaa koti. Nimepiga goti. Nyuma yangu nikasikia mtu anakohoa. Bi Esha. Na Randu pembeni yake, amekunja uso, kwa kuwa na yeye hakualikwa na amekwenda kuuliza kwa nini.

Bi Esha akaitazama chaki. Akanitazama mimi. Hakupandisha sauti.

"Mzee Mwero, hiyo alama ni yangu."

Nikamwambia najua, nimejua tangu Jumanne, na wenzake wako wapi.

"Wenzangu gani? Mimi sikusoma. Wamenipa mtaa mzima niualike, na kichwa hiki ni cha uzee. Nyumba nikishaialika naitia alama, nisiibishie hodi mara mbili. Nilipofika kwako nikaikuta. Nikasema, Esha, umeanza kusahau hata nyumba ulizoingia. Tangu siku hiyo silali, nadhani akili yaniondoka."

Randu akaiinamia alama, akauliza kama na ile ya mlangoni kwake ni kazi yangu. Nikasema ni yangu, mkia wake ndio uliokunjwa. Hakushukuru.

Nikauliza, kwa upole, mbona basi walinipita mwanzo, safu nzima wakaialika nikabaki mimi.

Bi Esha akafunga mwavuli.

"Sufyan ndiye aliyesema nyumba yako niiache, niijie siku yake peke yake, nikae, ninywe chai, nisiseme kwa haraka. Kuna neno lake. Alisema: mwambie Mwero aje mapema kabla ya watu, na aje na bao lake, langu limepasuka."

Koti lilikuwa na joto sana. Jasho lilinishuka mpaka machoni. Ni jasho.

Niliposimama nikamwona Mwanarusi mlangoni. Amesikia kila kitu. Nilingoja kelele. Hakupiga kelele, na hilo ndilo lililonitisha.

"Baba Hasina," akasema, "panda gari uende Lungalunga sasa hivi. Ukirudi bila Muhsina, usirudi."

Jumapili, tarehe 10 Agosti

Nimerudi na Muhsina. Iandikwe.

Jana alinikalisha kwa bintiye mpaka nikamaliza kueleza yote, filamu, mbuzi wa kinanda, chaki. Alicheka hadi akalala mkekani. Akasema atakuja kwa sharti moja, nimchukulie miko yake na nichochee moto mwenyewe. Nikakubali. Nimechukua miko kutoka Lungalunga hadi Msambweni kama bwana arusi aliyebeba upanga.

Tangu alfajiri nimekuwa jikoni. Moshi! Kuni za mkoko! Koti nimelivua, Muhsina akalifanya kishikio cha sufuria. Watu wote wamesifu pilau. Niseme wazi, pilau ile niliipika mimi, Muhsina alinisaidia.

Kabla ya watu kujaa Sufyan akaja pale motoni. Kanzu mpya. Akasimama. Nikachochea. Akasimama tu. Mwisho akasema nimechelewa. Nikasema nilikuwa na kazi.

Akasema polepole, "Bi Esha alisema nyumba yako ameshaimaliza. Nikangoja jibu. Nikadhani umenikataa, Mwero."

Moshi uliniingia machoni. Kuni za mkoko zina moshi mwingi.

Nikamwambia bao liko barazani, limefunikwa na kikoi.

Tumekula sinia ya kwanza, mimi na yeye na Randu, ambaye amenisamehe baada ya nyama. Ukoko nimepata. Mwanarusi alivaa dera lake, akapiga vigelegele kuliko mama wa bibi arusi. Bi Esha nimemwomba radhi mbele ya watu. Nimemwambia akili yake ni nzima kuliko yangu. Akasema hilo si sifa kubwa.

Jumatatu, tarehe 11 Agosti

Sikulala. Nimefikiri. Nimegundua.

Jana baada ya watu kuondoka tulicheza bao. Sufyan alinifunga. Tukacheza tena. Akanifunga. Akanifunga mpaka taa za arusi zikazimwa, na kila mara kabla ya kunifunga alikuna sikio la kushoto. Sikio la kushoto! Kila mara!

Sasa nimeunganisha. Tangu Idd hakuwa na mtu wa kumfunga. Afanyeje? Amwoze mjukuu. Ashushe mbuzi kutoka Kinango. Amtume Bi Esha na chaki. Aniache bila alama ili niingiwe na hamu ya kujua. Apeleke hata mpishi Lungalunga nimfuate, nichoke, mkono wangu wa bao ulegee kwa kubeba miko. Arusi nzima ile ilikuwa mbinu ya kunirudisha kwenye bao anifunge. Nimemweleza Mwanarusi. Akaniuliza kama na posa ya Hadiya mwaka jana ilikuwa mbinu. Nikasema sasa anaanza kuelewa.

Ila hanipati tena. Chaki ya Mwalimu Purity bado ninayo. Leo asubuhi nimezitia alama kete zangu zote, moja moja, duara na mkia, aliyezoea kuhamisha nimwone. Koti limeungua mgongoni lakini mbele ni zima, na mimi sitampa mgongo.

Bao nimelifunga na kikoi. Nakwenda kwake sasa hivi, na kesho pia nitakwenda, na keshokutwa.

Kupeleleza tu.