Maji ya Rejeta Rangi ya Waridi

Jumatatu, 3 Machi

Mume wangu hulala kifudifudi, kama mtoto aliyechoka kucheza. Leo nimemtazama mpaka akaamka na kuuliza kama kuna tatizo. Hakuna tatizo. Nimeolewa tu.

Mchana kaja Wifi, dada yake mkubwa, muuza mapazia. Yeye haingii nyumbani kwa mtu, hukagua. Kashika pazia letu la sebuleni kwa vidole viwili, kaliachia kama aliyeshika mkia wa panya. Kisha akatoa habari. Mama yao anakuja Jumamosi kwa basi, mara ya kwanza tangu tufunge ndoa. Atampokea yeye Wifi, kwa gari lake jipya. Atalala kwake. Kwetu ataletwa kusalimia, akiwa na nguvu.

Laazizi wangu akasema, kwa ule upole wake unaoniyeyusha, kwamba Mama atapokewa na mwanawe wa kiume na atalala kwa mwanawe wa kiume, chumba kiko tayari. Na kweli kiko tayari. Amekipaka rangi mwenyewe jioni baada ya jioni, akitoka saluni kunyoa vichwa vya watu. Rangi ya kwanza ilipokauka hakuipenda, akapaka tena. Aliwahi kuniambia kwamba alilelewa katika nyumba za kupanga, Mama akilala sakafuni ili watoto walale kitandani, na kwamba ndoto yake moja tu ni kumwona mama yake amelala kwenye kitanda alichonunua yeye. Nililia siku hiyo. Hata sasa naandika huku nalia kidogo.

Wifi akauliza tutamleta na nini, lile gari au lile birika. Maana Jumapili iliyopita lilichemka katikati ya mlima, tukakaa kando ya barabara kusubiri lipoe. (Mimi sikujali. Alinishika mkono muda wote.) Laazizi akajibu kwamba maji ya rejeta yamezeeka tu, yakibadilishwa litatulia, na atalipeleka kwa fundi akipata nafasi.

Nafasi ataipata wapi? Wiki nzima anashinda amesimama, akirudi viatu havivuliki.

Nimeamua. Nitabadilisha mimi, kimyakimya. Ijumaa atafungua boneti na kukuta mapenzi.

Jumanne, 4 Machi

Nimetazama video kwenye simu. Jamaa anabadilisha maji ya rejeta huku anapiga mluzi. Unamwaga ya zamani, unasuuza, unajaza mapya. Ni kama kubadilisha maji ya chombo cha maua. Na mimi fizikia nilifaulu.

Nikaenda duka la spea. Muuzaji akauliza nataka kulanti, ndiyo maji yenyewe ya rejeta, ya rangi gani. Nikashangaa kwamba ina rangi. Akanionyesha rafu: ya kijani, ya buluu, na moja ya waridi. Waridi ileile ya vitambaa vya meza siku ya harusi yetu. Nikainyooshea kidole.

Akauliza iliyomo kwenye gari sasa ni rangi gani, kwa kuwa hazichanganywi. Nikasema hazitachanganyika, nitaimwaga yote. Akaniuliza kama bwana anajua. Nikamwambia hajui, nataka kumshtukiza. Akasema, "Atashtuka, dada." Sikuipenda sauti yake.

Akaongeza kwamba nichanganye nusu kwa nusu na maji yale ya betri, yasiyo na chumvi. Nusu yake, nusu yangu. Nani angedhani kwamba hata ndani ya injini kuna ndoa?

Dumu nimelificha kwenye kapu la nguo chafu. Laazizi hafiki huko. Ni kasoro yake pekee.

Jumatano, 5 Machi

Nimefanya. Naandika nikiwa nimefunga taulo kichwani, sababu nitaieleza.

Alipoondoka tu nilitandika mkeka chini ya gari. Injini ilikuwa baridi, hilo nilizingatia. Nikafungua kifuniko cha rejeta juu, nikaingia chini kutafuta koki ya kumwagia. Nikaiona. Nikaizungusha kwa upole, haikutaka. Nikaizungusha kwa hasira, ikatoka yote, na maji ya kijani yakanishukia usoni, masikioni, kwenye nywele nilizosuka juzi tu.

Beseni la kufulia lilikuwa mbali. La karibu lilikuwa lile la maua alilotuzawadia Wifi harusini, lenye maandishi ya dhahabu pembeni. Nikalivuta. Likajaa vizuri sana, lina ujazo mzuri.

Hapo nikasikia viatu vya visigino. Wifi. Amekuja kupima dirisha la chumba cha Mama bila kuombwa na mtu. Nikajiburuta kutoka chini ya gari, maji ya kijani yakinidondoka kwenye kidevu. Akaniuliza, "Bibi harusi, ndiyo nini hii?" Nikasema ni dawa ya nywele. Akanusa. Akatazama beseni lake. Nikasema ni dawa ya nywele ya gharama, haiwekwi kwenye chombo cha hivihivi. Usoni akalainika. Akauliza inapatikana wapi.

Jamani. Maji yale ni sumu. Muuza spea alinionya hata paka asilambe. Ilibidi nimwambie kwamba haifai kwa nywele za mtu mwenye hadhi kama yake, akafurahi na kwenda kupima dirisha. Mimi nikamimina ya zamani kwenye dumu tupu, nikafunga kifuniko kwa nguvu kabla paka wa jirani hajafika.

Kwa sababu ya Wifi sikupata nafasi ya kusuuza. Lakini rejeta ilikuwa imeacha kudondoka, maana yake kila kitu kimetoka. Nikarudisha koki, nikamimina waridi mpaka juu, nikafunga. Kazi safi. Nilibusu boneti.

Nywele zimebaki na ukijani kwa mbali. Laazizi amesema nanukia utamu. Sijamwambia kitu. Ijumaa!

Alhamisi, 6 Machi

Siku mbaya.

Laazizi alirudi mapema ili apime kama gari litaumudu mlima. Nikapanda naye, nimevaa gauni zuri, tayari kupongezwa mlimani. Mshale wa joto ukapanda kabla hatujafika hata chini ya mlima. Tukasimama. Likapoa. Akafungua kifuniko.

Nilitarajia waridi. Kilichokuwemo kilifanana na maji ya kuoshea brashi za rangi, na juu yake yanaelea mabonge laini. Kumbe ukimwaga ya kwenye rejeta, ndani ya injini kwenyewe inabaki nyingine nyingi tu. Kijani yake na waridi yangu zimekutana humo ndani, na hazikupendana.

Mume wangu hakupaza sauti. Angepaza ningepumua. Alitazama tu, akasema rejeta imeoza kwa ndani, basi tena, haponi mgonjwa. Tukarudi polepole, tukisimama kila mara. Nyumbani akakaa kwenye ngazi ya mlango, kofia mkononi. Akasema labda Dada yuko sahihi. Mama apokewe na gari linalofika. Alale panapofikika.

Kisha akaingia kwenye kile chumba kidogo na kunyoosha shuka ambalo lilikuwa limenyooka.

Nilitaka kusema. Nikafungua mdomo. Nikamuuliza kama atakula.

Ijumaa, 7 Machi

Ameniwahi. Asubuhi alitafuta aproni yake ya kunyolea, kwa mara ya kwanza katika ndoa hii akafika kwenye kapu la nguo chafu. Akatoka na dumu la waridi, limebaki kidogo chini ya nusu. Akaliweka mezani, katikati ya vikombe viwili. Akaniuliza kama nina la kusema.

Nikasema yote bila kupumua. Mlima, Wifi, miguu yake, video, kijani. Akauliza kwa nini waridi. Nikasema vitambaa vya meza. Akauliza vitambaa gani. Nikasema vya harusi yetu.

Alilitazama dumu. Mabega yakaanza kutikisika. Nikajua nimemliza mume wangu. Kumbe anacheka. Alicheka mpaka akakaa chini sakafuni. Akasema, "Kumbe wewe umeliolea gari mke wa pili." Nikacheka na mimi. Dunia nzima hakuna mwanamume kama huyu, na mkibisha leteni wenu.

Rejeta haijaoza basi. Imechafuliwa tu na mkewe. Alifunga saluni mapema, tukatia mpira wa bomba, tukasuuza, tukawasha injini, tukamwaga, tukasuuza tena, mpaka maji yakatoka meupe. Maji machafu yote tuliyakusanya kwenye madumu, na majirani wakadhani tunafungua biashara. Kisha tukajaza waridi iliyobaki na maji ya betri. Sasa imo peke yake, haina mwenzake wa kugombana naye.

Akanieleza kwamba hewa hunasa humo ndani na kuzuia maji yasizunguke. Injini iungurume kifuniko kikiwa wazi, hita ya gari iwe imefunguliwa mpaka mwisho, na mimi niubinye mpira mkubwa unaopitisha maji ya rejeta hadi viputo viishe. Viputo vikiisha kabisa ndipo nifunge. Kabisa, akasema mara nyingine.

Nikabinya. Yeye akawa upande wa pili akijifuta mikono, mwanga wa jioni unamwangukia shingoni. Akaniangalia. Nikafunga kifuniko.

Nadhani viputo vilikuwa vimekwisha. Kusema kweli sikuwa natazama viputo.

Jumamosi, 8 Machi

Kituo cha mabasi, saa sita mchana, jua la kupasua mawe. Wifi ametutangulia, miwani nyeusi, buti ya gari lake ipo wazi tayari. Mama akashuka akiwa amevaa sweta mbili na shuka begani, mdogo kuliko nilivyomkumbuka, anatembea kwa kuyasindikiza magoti yake.

Wifi akamshika mkono na kumwambia apande huku, huku atafika. Mama akatazama gari lile, akatazama letu, akamtazama mwanawe. Akapanda letu. Wifi akasema haina neno, atatufuata nyuma, tukihitaji kusukumwa tupunge mkono.

Chini ya mlima mshale ukaanza kupanda. Laazizi akanitupia jicho. Nikatazama dirishani. Akanong'ona akiuliza kama nina hakika na vile viputo. Nikanong'ona kwamba nampenda. Akajua.

Hapo mume wangu akafanya jambo la kishujaa. Akafungua hita mpaka mwisho. Moto wa injini wote ukavutwa ndani, kwetu. Tukapigwa na upepo wa tanuri, miguuni na usoni, saa sita mchana. Mshale ukasita. Nikashusha kioo, na kutoka kiti cha nyuma Mama akasema, "Funga dirisha, mwanangu."

Nikafunga. Jasho lilinitiririka mpaka kwenye viatu. Kola ya Laazizi ilibadilika rangi. Nyuma yetu Wifi anapiga honi, mshale umegusa ukingo wa nyekundu, na mimi nilijua kabisa kwamba likizima hapa, Mama atahamishwa mbele ya macho ya mume wangu na kile chumba kitabaki kitupu. Nikamwomba Mungu, nikaiomba na injini.

Tukafika kileleni. Tukateremka. Tukafika nyumbani.

Nilipofungua mlango wa nyuma Mama alikuwa amevua sweta moja na macho yake yamelegea kwa raha. Akasema usiku kucha kiyoyozi cha basi kilimpuliza, magoti yakawa mawe, dereva akaombwa akizime akajifanya hasikii. Na sasa magoti yanakunjika. Akauliza nani kafikiria kumwashia moto. Mume wangu, kipenzi cha moyo wangu, akaninyooshea kidole. Si uongo ukiufikiria vizuri.

Mama akanibariki papo hapo, kwa maneno mengi. Wifi akaja kuchukua begi, akasema kwake kuna nafasi zaidi. Mama akauliza kama na gari lake linapasha miguu moto. Wifi akajibu kwa fahari kwamba lake linapuliza baridi kama friji. Mama akamwambia, "Basi kapakie samaki. Mimi nalala hapa."

Amelala hapa. Laazizi amepita mlangoni mwa kile chumba mara kadhaa kusikiliza anavyokoroma. Mara ya mwisho alirudi macho yamelowa.

Jumapili, 9 Machi

Siku ya furaha na viapo. Laazizi ametoa hewa mwenyewe, taratibu, mimi nikiwa nimekalishwa mbali kwenye kiti. Mshale sasa umetulia chini. Kisha akanishika mikono yote miwili na kunisihi kwamba tangu leo nisifungue boneti ya gari hili bila yeye kuwepo. Nikaapa kwa ndoa yetu. Nilimaanisha kila neno. Nililia.

Jioni gari likiunguruma uani nikasikia mlio, kama panya aliyebanwa na mlango. Laazizi akasema ni mkanda wa feni, umechakaa, Jumanne atalipeleka kwa fundi.

Tukiwa tunakausha sahani Mama akaniuliza kwa nini tusubiri Jumanne wakati kesho mwanawe anashinda saluni na sisi wawili tunashinda nyumbani. Akasema yeye aliwahi kumtengenezea marehemu Baba mkwe pikipiki yake, akiwa safarini, ili kumshtukiza. Nikauliza kama Baba mkwe alifurahi. Akasema tangu hapo alitembea kwa miguu, na kutembea kulimsaidia sana kifua.

Anasema soksi ndefu ya nailoni, ukiifunga vizuri, ni mkanda wa feni kama mwingine wowote. Amekuja na jozi mbili. Nimeangalia kwenye simu, hata video ipo.

Na kiapo changu hakiguswi. Mimi niliapa kutofungua boneti. Atafungua Mama.