Kitabu cha Kodi cha Kunigunda

Jumanne, 24 Juni
Leo kwenye sala ya jumuiya Kunigunda kalia shida. Ana mashine ya kusaga, TIN, namba ya mlipakodi, anayo, ritani ya kodi hajui kuijaza. Mwisho tarehe thelathini. Anaogopa faini. Mjane mzuri. Mimi mke wangu kafariki mwaka wa sita huu. Nikamwambia mama, tulia, kodi naijua mimi. Siijui! Nachuma kahawa za watu tu. Jirani yangu Egidi kacheka mbele ya wote. Kasema darasa la nne ataijulia wapi. Tutaona.

Jumatano, 25 Juni
Egidi ana kitabu, Kodi kwa Wazee. Kiko ndani ya simu. Karushiwa na mpwa wake, hakukilipia. Nimeomba, kaninyima. Uchoyo wa mali ya wizi!
Nimekwenda duka la vitabu mjini. Binti Hilda kaniamkia vizuri. Kasema unalipa kwa simu, kitabu kinaingia. Elfu tano! Madebe mengi ya kahawa hayo. Nimelipa. Kimeingia. Simu haijaongezeka uzito. Hilda kaonya, babu, usimrushie mtu, ni kuiba. Nikauliza, mtu akitaka kusoma? Kasema asomee kwenye simu yako. Safi. Mimi na sheria!

Ijumaa, 27 Juni
Nimesoma siku mbili. Herufi ndogo kama dagaa usipa wachanga. Nilichopata: ritani ni kuiambia serikali mwaka mzima umeuza nini, umetumia nini. Risiti usiwashie moto. Mengine hayakuingia.
Kunigunda kafika kidato cha nne, asome mwenyewe. Nimempelekea simu. Jembe unaazima na mpini wake. Namba ya siri nimemwandikia kwenye karatasi. Kanipa ugali! Egidi kapita, kaona. Raha.

Jumamosi, 28 Juni
Simu imerudi. Kunigunda kasema kitabu kizuri. Ila Rosina wa Lipingo kapiga mara tatu, kapokea yeye. Rosina anauliza harusi kabla ya mavuno au baada. Nilimposa Pasaka. Nilisahau! Meseji nazo kazisoma zote. Kaniuliza, Baba Aidan, na huyu umemwandika kwenye ritani?
Ugali hakuna.

Jumatatu, 30 Juni
Kunigunda kawasilisha ritani. Kaenda ofisi ya kodi na Egidi, kwa baiskeli. Kumbe pale wanaelekeza bure. Bure! Na elfu tano yangu?
Sikati tamaa. Hilda anasema kipo kitabu cha nyuki. Getrude wa Kigonsera mjane, ana mizinga, nyuki wanamkimbia. Nimeshanunua. Nimemwandikia Rosina meseji, avumilie. Nimemwandikia na Kunigunda, anisamehe.
Kesho asubuhi nampelekea Getrude simu.