Yakuti za Chini ya Banda la Kuku

Jumatatu, tarehe 3 Juni

Nimejitia kitanzi kwa mikono yangu. Tena mbele ya mashahidi.

Jana saa nne asubuhi, kama kila Jumapili, familia nzima iliingia kwenye mchezo wetu wa kompyuta. Binti yetu ndiye aliyetufungulia dunia hii iliyojengwa kwa vitalu vya mraba, miezi mitano iliyopita, alipohamishwa kikazi mbali na nyumbani. Humo ndani kila mtu ana kijitu chake: anachimba, analima, anajenga, anakimbizwa na mizuka. Tunasikiana sauti kana kwamba tumekaa mkeka mmoja. Kabla ya mchezo, simu zangu na binti zilikuwa hivi: Umekula? Nimekula. Mvua? Hakuna. Haya. Siku hizi ananiuliza nimechimba hadi wapi. Swali hilo siliuzi kwa chochote.

Basi jana akatangaza kwamba mnara wetu wa taa umekamilika, umebaki kuwashwa tu. Unawashwa kwa yakuti tisa za bluu, jiwe adimu kuliko yote, linalopatikana chini kabisa, jirani na lava. Akauliza nani anaweza kuzileta Jumapili ijayo. Shemeji yangu, kaka wa mke wangu, fundi bomba, akakohoa ili aseme. Nikamwahi. Nikasema tisa ninazo tayari ndani, zimebaki kuoshwa tu.

Sina hata moja. Sijawahi kuiona hata moja. Na yakuti haioshwi.

Binti alifurahi mpaka sauti ikampaa. "Baba, kweli? Basi wewe ndiye utakayewasha!"

Shemeji alikohoa tena, kikohozi cha mtu asiye na mafua.

Jumanne, tarehe 4 Juni

Nimeamua kuchimba wima. Moja kwa moja chini, bila kupoteza muda. Shemeji huchimba kama anavyotandaza mabomba: ngazi, kona, mwenge kila hatua sita. Uoga mtupu.

Nilianza mchana, kazini. Mimi ni fundi miwani. Kompyuta ya dukani ni ya kuhifadhi vipimo vya wateja, lakini haikatai mambo mengine. Kwenye kiti alikuwapo mwalimu wa udereva, fremu ya majaribio puani, anasoma herufi za ukutani. Nikamwambia asome polepole, mstari kwa mstari, asiruke hata herufi. Mimi huyo, chini! Kitalu cha thelathini. Cha hamsini. Alipofika mstari wa nne, nikatoboa kitalu nilichokuwa nimesimama juu yake, nikatumbukia kwenye lava.

Nilipiga kelele kwamba naungua.

Mwalimu wa udereva akatoka mbio na fremu yangu usoni. Hajarudi. Sururu ya chuma imeteketea. Mikate ishirini imeteketea. Nikazaliwa upya mlangoni kwangu, mikono mitupu kama siku niliyotoka tumboni.

Nikajaribu tena mara mbili, shimo lilelile. Lava ilikuwa palepale.

Mke wangu, ambaye ni mkunga, amerudi miguu imemvimba. Leo amezalisha wanne. Akaniuliza mimi nimefanya nini. Nimesema kazi zilikuwa nyingi.

Jumatano, tarehe 5 Juni

Nimemeza kiburi. Chungu!

Nilimpigia shemeji nikamwambia kwamba, kwa kuwa sisi ni ndugu, si vibaya tukichimba pamoja. Akasema karibu sana shemeji, kuna mawe ya kubeba. Nikabeba mawe saa nzima. Yeye mbele akipiga sururu na kuimba kwa pua, mimi nyuma kama punda wa hiari.

Lakini macho yangu hayakulala. Nyuma ya tanuri lake nikaona kasha, na juu yake kibao: YA FUNDI. TAFADHALI USIGUSE. Alipoondoka kwenda kujaza mienge, nikasogea. Si kwa nia mbaya. Kuchungulia tu. Nikaliona jiwe la bluu ndani, nikahesabu saba, nikanyoosha mkono.

Sakafu ikafunguka.

Nikaanguka kwenye maji. Maji yakanibeba. Mfereji umechongwa kwa ustadi, lazima nikiri: mteremko safi, kona za duara, hapana pa kushika. Nikazungushwa chini ya milima mpaka nikatemwa baharini, katikati, mahali ambapo hata nchi kavu haionekani. Imenichukua saa moja na nusu kuogelea hadi nyumbani.

Baadaye simu ikalia. Shemeji. Aliuliza kama maji yalikuwa na msukumo wa kutosha, maana alikuwa hajayajaribisha kwa mtu mzito.

Alhamisi, tarehe 6 Juni

Fedheha asubuhi, neema jioni.

Fedheha kwanza. Karani mmoja wa mahakama, mama mtaratibu asiyepandisha sauti, alirudi dukani ameshika karatasi niliyomtilia kwenye kibweta cha miwani yake. Alitaka ufafanuzi. Karatasi ilisema: Kulia, shuka arobaini. Kushoto, hatari, lava. Aliuliza jicho gani hasa ndilo lenye lava, na kama inatibika. Nilikuwa nimechanganya ramani yangu na vipimo vyake! Nikamwambia ni istilahi mpya za kitaalamu. Akanitazama juu ya miwani kama anavyowatazama mashahidi waongo. Nikampa kitambaa cha kufutia bure.

Sasa neema. Mama mkwe anaishi nasi. Alikuwa mkutubi miaka thelathini na miwili, na kitu asichokipenda duniani ni kitu kisichokuwa mahali pake. Mchezoni hachimbi wala hapigani. Anafuga kuku. Anakaa kwenye kochi la dirishani, tableti mapajani, akiwaita kuku wake mmoja mmoja. Ana kumi na wanne. Kuna jogoo mmoja mnene anayewika kutwa nzima bila kufanya lolote. Huyo amempa jina la Mkwe. Ananiambia ni kwa mapenzi.

Leo aliniita nikaone banda jipya. Nikaenda kwa adabu tu. Nikaingia. Nikatazama chini.

Sakafu nzima yakuti!

Arobaini na kitu! Nikamuuliza, sauti nikiishikilia isitetemeke, mama, haya mawe umeyatoa wapi? Akasema ni vimawe tu, alivikuta alipokuwa akiwachimbia kuku kisima. Alivipenda kwa sababu vinaendana na manyoya.

Nilimweleza mke wangu jikoni, nikinong'ona. Akasema jambo ni rahisi, nimwombe mama tisa. Wanawake! Nimwombe vipi? Atajua sina. Atamwambia binti. Binti atajua baba yake ni muongo, na tutarudi kwenye Umekula, Nimekula. La hasha. Kuna njia ya heshima zaidi.

Nitaziiba.

Ijumaa, tarehe 7 Juni

Nilifunga duka mapema. Kufika nyumbani nikaketi kwenye kiti kinachotazamana na kochi, kompyuta ndogo magotini. Kati yangu na mama mkwe palikuwa na zulia tu na meza yenye chai yake.

Mpango ulikuwa hivi: nichimbe njia kutoka chini, nichomoe yakuti moja moja, na kila nilipotoa jiwe niweke kitalu cha sufu niliyoitia rangi ya bluu. Mtu asiye mtaalamu wa macho hawezi kutofautisha.

Ya kwanza, safi. Ya pili, safi. Ya tatu, kabla sijaziba, kuku akaanguka kichwani kwangu.

Sikuwa nimefikiria hilo.

"Mbona mmoja simwoni?" mama mkwe akasema.

Nikasema labda ametembea kidogo. Wa pili akaanguka. Wa tatu na wa nne wakaja pamoja. Nikawa nachomoa, naziba, nakwepa kuku. Mama mkwe akawa anahesabu kwa sauti: kumi, tisa, saba. Jasho jembamba likanitoka. Akaniuliza kama naumwa. Nikasema joto. Akasema dirisha liko wazi. Mwishoni akaanguka Mkwe mwenyewe, kwa kishindo, akawika.

Ilisikika kwenye tableti yake na kwenye kompyuta yangu kwa wakati mmoja. Mama mkwe akainua uso. Nikawika mimi pia, nikajifanya nakohoa.

Nimepata tisa! Tisa kamili! Kuku wote nimewafungia kwenye shimo chini ya mji wetu wa mchezoni, ukuta imara. Nimegundua kwamba ukishika mbegu mkononi wanatulia na kukutazama kwa upendo.

Jumamosi, tarehe 8 Juni

Siku mbaya.

Mama mkwe hajanywa chai. Asubuhi yote kijitu chake kilizunguka mji mzima na mvua ya mchezoni ikikinyeshea, kikisimamisha vibao. Nimevisoma vyote. KUKU KUMI NA WANNE WAMEPOTEA. NI WAPOLE. Kingine: MKWE HUOGOPA GIZA.

Mke wangu alikaa pembeni yangu. Akasema mama hajala, na kwamba tangu baba mkwe afariki hajamwona akipenda kitu kama anavyowapenda hao kuku wa vitalu. Alinitazama. Nikatazama zulia. Akauliza kama najua lolote. Nikasema mizuka siku hizi imezidi.

Nilienda shimoni kuwalisha. Mkwe alikuwa amesimama kwenye kona yenye mwenge. Nilitaka kuwafungulia, kweli nilitaka. Lakini wakitoka leo, kesho sina maelezo. Nimewaahidi nitawarudisha mara tu taa ikiwaka. Nimewaahidi kuku. Mtu mzima.

Nimewaongezea mienge minne.

Jumapili, tarehe 9 Juni

Saa nne kamili. Wote tupo. Binti anatutania, sauti yake karibu kabisa. Shemeji amevaa vazi la vita la dhahabu, nani amemwalika kuvaa vazi la vita? Mama mkwe hajagusa chai. Mke wangu amesimama nyuma ya kiti changu, mkono begani, mzito.

Nilikuwa nimepita shimoni kuwalisha kuku kabla ya sherehe. Nadhani niliziba ukuta. Nilikuwa na haraka. Nadhani.

Binti akasema, "Haya baba, panda." Nikapanda ngazi za mnara taratibu, kwa mbwembwe, kila hatua nikigeuka ili wanione. Nikawaona wananitazama. Kisha nikaona hawanitazami mimi. Wanatazama nyuma yangu.

Mkononi nilikuwa bado nimeshika mbegu.

Kuku kumi na wanne walikuwa kwenye ngazi, kwa mstari, wananifuata. Mbele yao jogoo mnene. Akawika.

"Huyo si Mkwe?" mama mkwe akauliza.

"Ndiye, mama," nikasema. "Ni mimi."

Hakuwa anauliza hivyo. Lakini nilishaanza, sikuweza kusimama. Nikasema yote. Kwamba sikuwahi kuwa na yakuti. Lava mara tatu. Mfereji. Sufu ya bluu. Kwamba nilimwona akizunguka na vibao vyake na nikanyamaza. Nikamwomba mama msamaha, si kwenye mchezo, niligeuka kwenye kiti nikamwomba uso kwa uso, pale kwenye kochi.

Mama mkwe alikunywa funda moja la chai. Akaniuliza kwa nini sikusema. Arobaini alikuwa nazo, angenipa ishirini.

Nikangoja kumsikia binti akijitoa mchezoni. Nikasikia kitu kingine. Anacheka! Anacheka mpaka anakosa pumzi. Akasema alijua tangu Jumatatu, kwa sababu aliyeifungua dunia ya mchezo huona makasha yote, na langu lina makaa na kiatu kimoja. Akasema wiki nzima, kila mchana, badala ya kula peke yake kwenye ule ukumbi wa kazini asikomjua mtu, amekuwa akiingia kimyakimya kunitazama. Aliniona nikitumbukia. Aliniona nikibebwa na maji hadi baharini. Ni suala la kuku tu ndilo lililompita.

"Baba," akasema, "tangu nihamie huku sijacheka hivi."

Mkono wa mke wangu begani ukapungua uzito.

Mama mkwe ndiye aliyeweka mawe, la kwanza hadi la tisa, sawasawa, kama anapanga vitabu. Mwale wa bluu ukapaa mpaka mawinguni. Hata shemeji alisahau kukohoa. Hukumu yangu: kufagia banda mwezi mzima na kurudisha sakafu kwa yakuti halisi. Nimeipokea.

Jumatatu, tarehe 10 Juni

Binti amepiga simu. Jumatatu! Hapigi Jumatatu. Tumeongea dakika arobaini, na hatukutaja mvua wala chakula. Ameniambia kuhusu bosi wake anayezungumza na mimea, na rafiki aliyempata kwenye lifti. Nikasahau mteja kwenye kiti.

Nimeapa. Hila basi. Uongo basi. Kuanzia leo mimi ni mtu wa kuomba kwa adabu.

Katika mazungumzo, kwa bahati tu, amenidokeza kwamba kilima cha mnara alikichagua kwa sababu siku ya kwanza aliona kitu chekundu kinang'aa kwenye mwamba wa chini. Hakuchimba. Sikumuuliza zaidi. Nilibadilisha hata mazungumzo, kwa heshima.

Nimefunga duka saa nane. Hatua ishirini kwenda chini, kisha kushoto. Nguzo ya kaskazini naweza kuitoa kwa muda na kuirudisha kabla ya Jumapili, mnara hautatikisika. Nimepima kwa macho, na macho ndiyo kazi yangu.